Barua ya wazi: Muuguzi wa zahanati analala wapi?

Kwa Mheshimiwa Waziri wa Afya,
Kwa Mheshimiwa Waziri wa Nchi anayesimamia Tawala za Mikoa na Serikali za Mitaa (TAMISEMI),
Kwa Wakurugenzi Watendaji wa Halmashauri zote zenye vijiji.

Yah: Nyumba ya muuguzi

Waheshimiwa, salaam, na poleni na majukumu.

Mimi ni muuguzi mkunga mstaafu. Nilitumikia serikali miaka 31, na 22 kati ya hiyo niliimalizia katika zahanati moja ya kijiji kwenye bonde la Ziwa Rukwa, chini ya mlima wa Lyamba lya Mfipa. Wanaolijua bonde lile wanaijua na barabara yake. Kutoka kwetu kwenda Sumbawanga mjini unapanda mlima kona kwa kona, na masika lori moja likikwama kwenye kona mmekwama wote: lori, basi, na mama aliyelazwa kwenye godoro nyuma ya pikapu. Mvua zikikolea, mito inayoshuka kutoka Ufipa hujaa ghafla, na kijiji kilichokuwa jirani asubuhi jioni kinakuwa ng'ambo.

Siandiki kudai chochote changu. Mafao yangu nimelipwa na namshukuru Mungu. Naandika juu ya jambo moja ambalo kwa miaka yote ile nililisema kwenye vikao, nikaliandika kwenye taarifa za robo mwaka, nikamweleza kila mgeni aliyesaini kitabu chetu cha wageni, na kila mara likapita kama jambo dogo. Muuguzi wa zahanati analala wapi?

Kwanza niseme mema niliyoyaona, maana nimeyaona kwa macho yangu. Mpango wa Maendeleo ya Afya ya Msingi, ule tuliozoea kuuita MMAM, ulianza 2007 ukiwa na lengo la zahanati kila kijiji na kituo cha afya kila kata. Hatujafika, lakini tumetembea. Yako majengo leo mahali ambapo palikuwa na mbuga tupu. Viko vituo vya afya vya kata vyenye chumba cha upasuaji, na mama wa kupasuliwa si lazima tena apelekwe mkoani. Umeme wa REA, wakala wa nishati vijijini, umefika vijijini. Utafiti wa kitaifa wa 2022 ulionyesha vifo vya uzazi 104 kwa kila vizazi hai 100,000, wakati ule wa 2015/16 ulionyesha 556. Mimi niliyekuwa najaza fomu za vifo hivyo kwa mkono wangu, nilipoisoma takwimu ile nilikaa chini nikalia, na yalikuwa machozi ya furaha.

Ila hao 104 nao ni akina mama wa watu. Na sisi tuliofanya kazi mwisho wa barabara tunajua mahali pa kuwatafuta, na saa ya kuwatafuta. Ni usiku.

Zahanati, kwa saa za kazi za serikali, hufunguliwa saa moja na nusu asubuhi na kufungwa saa tisa na nusu alasiri. Kidonda kitasubiri kukuche. Kikohozi kitasubiri. Uchungu wa uzazi hausubiri, na katika miaka yangu yote ya leba watoto niliowapokea gizani ni wengi kuliko niliowapokea jua likiwaka. Mkunga yeyote mtakayemuuliza atawaambia vivyo hivyo. Kwa hiyo kijiji kinapopewa zahanati isiyo na mtu anayelala jirani nayo, kimepewa huduma ya uzazi ya nusu siku.

Nilipopangiwa kijiji kile hapakuwa na nyumba ya mtumishi. Palikuwa na jengo la zahanati lenye vyumba vitano, mwembe mbele na choo nyuma. Nilipanga chumba senta, ng'ambo ya mto, mwendo wa saa moja na nusu kwa miguu. Hakuna aliyenilazimisha kukaa huko. Ndiko kulikokuwa na chumba chenye mlango unaofungika. Nilikuwa na mtoto mchanga, na mume wangu alikuwa mwalimu wilaya nyingine.

Mwaka wangu wa pili, mwezi wa pili, mvua ilianza kunyesha saa kumi jioni na haikukatika. Usiku ule mama mmoja wa mimba ya tano aliletwa zahanati kwa baiskeli, mumewe akiisukuma, mama mkwe akimulika kwa kandili chini ya mwavuli. Walikuta kufuli. Mlinzi akamtuma kijana aje kuniita. Kijana alipofika mtoni akakuta maji yamejaa, akasimama ukingoni akaniita. Aliita mpaka sauti ikamkauka. Mvua ilikuwa inapiga bati, sikusikia kitu.

Mama yule alijifungulia barazani, juu ya kanga, mama mkwe wake akimpokea mtoto. Mtoto alilia vizuri. Kondo likatoka. Damu nayo ikaendelea kutoka, taratibu, bila kuruka wala kutisha. Iliingia kwenye kanga, kanga ikaloa, wakatandika nyingine, na nyingine. Mama mkwe aliniambia baadaye, "Nesi, nilijua ni damu ya uzazi tu. Alikuwa anaongea na sisi." Karibu saa kumi na moja alfajiri akaacha kuongea.

Nilivuka mto kulipopambazuka, maji yakinifika kifuani, yule kijana amenishika mkono. Ufunguo wa zahanati nilikuwa nimeuvaa shingoni. Nyuma ya mlango ule ule mama yule aliokuwa ameuegemea, hatua labda nane kutoka alipokuwa amelala, kulikuwa na friji ya chanjo, na ndani ya friji kulikuwa na sindano ya kukaza mji wa mimba. Dawa ilikuwepo. Jengo lilikuwepo. Mkunga mwenye cheti alikuwepo kwenye orodha ya mishahara. Na katika taarifa ya mwezi ule kijiji kilihesabiwa kuwa kina huduma.

Mtoto aliishi. Leo ni mwanamume mzima, anavua samaki ziwani, na tukikutana ananiita mama. Sijazoea mpaka leo.

Niruhusuni niingie kidogo kwenye utaalamu, kwa kuwa wanaokaa kwenye vikao vya bajeti si wote waliowahi kusimama leba. Mtoto akishatoka na kondo likafuata, mji wa mimba unatakiwa ukaze. Usipokaza, mishipa iliyokuwa inalisha kondo inabaki wazi, na mwanamke aliyeingia akiwa mzima anaweza kufa ndani ya saa mbili. Kwetu bondeni, kwenye malaria, wengi hufika leba damu tayari ni pungufu. Hao hata saa mbili hawana. Sindano ya oksitosini, ambayo sisi tunaiita sindano ya uchungu, hutakiwa kuchomwa ndani ya dakika moja baada ya mtoto kuzaliwa, na ikiwa stoo inatakiwa ikae kwenye baridi, nyuzi 2 hadi 8. Dakika moja, waheshimiwa. Hakuna pikipiki ya kuwahi dakika moja.

Mwaka 2023 yalitolewa matokeo ya utafiti mkubwa uliofanyika katika hospitali za Kenya, Nigeria, Afrika Kusini na hapa kwetu Tanzania, unaoitwa E-MOTIVE. Chombo chao kikuu kilikuwa mfuko wa plastiki wenye mistari ya vipimo. Unatandikwa chini ya mama, damu inaingia humo, mkunga anasoma kiasi badala ya kukisia. Damu ikifika mstari wa hatari anafanya yote kwa pamoja bila kusubiri: anakanda mji wa mimba, anachoma sindano, anatoa dawa ya kuzuia damu, anatundika dripu, anatafuta inapotokea. Kuvuja damu kwa kutisha, pamoja na upasuaji na vifo vinavyotokana nako, kulipungua kwa asilimia 60. Nilipousoma utafiti ule nilimkumbuka mama mkwe yule na kanga zake. Kanga inaficha damu. Mtu aliyesomea angeiona, ila alikuwa ng'ambo ya mto.

Mfano mwingine umetoka kwenye hospitali ya vijijini kabisa, Haydom, wilayani Mbulu mkoani Manyara, mbali na kila mji mkubwa. Watu wa kule, wakishirikiana na wizara na wenzao wa nje, waliendesha mpango katika hospitali na vituo vya afya 30 vya mikoa ya Manyara, Tabora, Geita, Shinyanga na Mwanza, wakafuatilia akina mama na watoto wapatao 300,000. Matokeo yalichapishwa 2025: vifo vya akina mama vilipungua kwa asilimia 75 hivi, na vya watoto wachanga kwa asilimia 40 hivi. Walichofanya kinaelezeka kwa sentensi moja. Wakunga walifanya mazoezi mafupi ya mara kwa mara pale pale kazini, kwa mwanasesere, wakapewa vifaa vya kusikiliza mapigo ya moyo wa mtoto na kumsaidia kupumua, na wakawa wanakaa pamoja kuzisoma takwimu zao wenyewe. Kwangu mimi hiyo ndiyo tiba ya kisasa yenyewe, mikono iliyozoeshwa na iliyo karibu.

Nalisema hili kwa sababu nikisikia watu wanazungumzia tiba ya kisasa vijijini, picha inayoletwa mbele mara nyingi ni ya mashine. Mwaka 2018 ndege isiyo na rubani ilijaribiwa kupeleka dawa kutoka Mwanza kuvuka ziwa hadi Ukerewe, na ikafika. Nilifurahi. Tiba mtandao nayo inamwezesha daktari bingwa wa Dar es Salaam kumwona mgonjwa aliye mkoani. Shirika la Afya Duniani tangu 2016 linashauri kila mjamzito apimwe kwa ultrasound angalau mara moja kabla ya wiki ya 24, na ningetamani sana mabinti wa bonde letu waipate bila kupanda mlima. Sipingi hata kimoja. Ila ndege ikitua lazima awepo wa kuipokea. Daktari bingwa akitokea kwenye skrini lazima awepo wa kuweka mkono kwenye tumbo la mgonjwa na kumwambia anachogusa. Mkianza kununua mashine kabla ya mtu huyo kupata pa kulala, mashine zitakaa ndani ya kufuli ile ile niliyokuwa naivaa shingoni.

Hata mfumo wa m-mama, ambao nauheshimu kwa moyo wote, unamtegemea mtu huyo. Tangu ulipozinduliwa kitaifa 2022, mtu anapiga 115 bure, kituo kinatafuta gari la wagonjwa au dereva wa jamii aliye karibu, mama anapelekwa panapostahili. Zamani mume alizunguka usiku kucha akitafuta wa kumkopesha mafuta. Lakini gari linaweza kuchukua saa mbili kutufikia, masika zaidi, na ndani ya saa hizo mbili lazima mtu awe ameshatundika dripu, ameshachoma sindano, ameshajua kama ni damu au kifafa cha mimba au mtoto amekaa vibaya. La sivyo gari linafika kubeba maiti. Na wahudumu wa afya ngazi ya jamii, ambao mpango uliozinduliwa 2024 unataka wafike zaidi ya 137,000 nchini ndani ya miaka mitano, ni msaada mkubwa. Watamwambia mama mapema aende kliniki, watamsindikiza. Watamsindikiza mpaka mlangoni. Mlango nao afungue nani?

Nirudi kijijini. Baada ya msiba ule nilihamia zahanati. Nililala chumba cha stoo, kati ya maboksi ya dawa na mzani wa watoto, kwa miaka minne. Mwanangu nikampeleka Namanyere kwa mama yangu, kwa sababu stoo ya dawa si mahali pa kulelea mtoto. Hiyo ni gharama ambayo haikuingia kwenye taarifa yoyote ya serikali, na najua hata sasa wako wauguzi wengi wanaoilipa kimya kimya.

Wanakijiji walipoona, waliitisha mkutano mkuu wakaamua kujenga nyumba ya nesi. Kila kaya ilileta tofali. Wanawake walichota maji, vijana wakasomba mchanga kutoka mto ule ule, wafugaji Wasukuma wakatoa ng'ombe wawili wakauzwa tukanunua saruji. Kiangazi kimoja tu nyumba ikafika lenta. Ikasimama hapo. Tukaambiwa kuezeka kutaingizwa kwenye bajeti ijayo, na ijayo, na ijayo. Mvua zikala mistari ya juu ya tofali, mbuzi wakawa wanalala humo. Watu waliokuwa wamebeba maji kichwani wakawa wanapita pale kila siku wakiutazama ule ukuta. Waheshimiwa, mnapowaambia wananchi wachangie maendeleo, kumbukeni kwamba wengi walishachangia, na mchango wao uko pale unanyeshewa.

Mwishowe bati zilikuja. Usiku wa kwanza nilipolala kwenye nyumba ile niligongewa mara mbili, na wote wawili walijifungua salama. Baada ya hapo kitabu cha MTUHA namba 12, kile cha leba, kikaanza kujaa. Ukurasa uliokuwa unanitosha mwezi mzima ukawa haumalizi wiki mbili. Hatukuwa tumeongeza semina. Mabango ukutani yalikuwa yale yale. Akina mama walikuwa wamejua tu kwamba nipo.

Nalisisitiza hili kwa sababu kwa miaka mingi sisi watumishi tuliwalaumu. Tuliwaambia hawana elimu, wameshikilia mila, wanakimbilia kwa wakunga wa jadi. Mimi mwenyewe nilisema hivyo mkutanoni, na naomba radhi kwa bibi mmoja hasa niliyemsema mbele ya watu. Bibi yule alikuwa na sifa moja ambayo mimi na cheti changu hatukuwa nayo. Alilala kijijini.

Sasa niseme ninachokiomba.

Serikali inapotoa fedha za kumalizia boma la zahanati, yaani jengo lililoanzishwa na wananchi likaishia njiani, mara nyingi kwa kiwango cha shilingi milioni 50, zahanati hiyo isiandikwe kuwa imekamilika mpaka iwe na nyumba ya watumishi ndani ya uwanja wake, yenye watu. Ninajua kwenye taarifa majengo yanapendeza yakiwa mengi. Lakini bora kata moja ipate zahanati mbili zinazofunguka usiku kuliko nne zinazofungwa alasiri. Hapa najua sitapendwa na madiwani, na vijiji viwili vitakavyosubiri vitanung'unika, kwa haki. Bado nasema hivyo.

Kabla ya kuanza jengo jipya lolote, kila Mkurugenzi ahesabu maboma ya nyumba za watumishi yaliyosimama lenta katika halmashauri yake. Yaezekwe kwanza hayo. Kazi ngumu imeshafanywa na wananchi. Zimebaki bati, mbao, milango na dari. Nyumba yenyewe haihitaji mapambo. Inahitaji mlango imara, choo cha ndani au cha karibu kabisa, tangi la kuvuna maji ya mvua, taa, na vyumba vya kutosha mtu na familia yake. Tafadhali muwe na familia akilini mnapochora ramani. Kijana wa ajira mpya anaripoti, anaoneshwa chumba kimoja kisicho na dari, anakaa miezi sita, halafu anaandika barua ya uhamisho kumfuata mwenza. Tunamwita mvivu, asiye na wito. Mwenza huyo angekuwa na mahali pa kukaa, yeye ndiye angehamia kwetu.

Na wawe wawili. Mwongozo wa ikama, yaani idadi ya watumishi inayotakiwa, wa 2014 ulitaja watumishi wasiopungua 15 kwa zahanati. Sidhani kuna muuguzi wa bondeni aliyewahi kuiona namba hiyo ikitembea kwa miguu. Kwa miaka mingi tulikuwa watatu, mimi, tabibu na mhudumu mmoja, na tabibu akiwa safarini kufuata dawa au kwenye kikao nilibaki na mhudumu. Siombi 15. Naomba wakunga wawili kila zahanati inayozalisha, ili mmoja akikesha mwenzake alale, na mmoja akiumwa kijiji kisirudi kwenye kufuli. Najua jambo hili linapita ofisi nyingi: sera iko Afya, zahanati ziko TAMISEMI, vibali vya ajira viko Utumishi. Mama aliye barazani hajui tofauti ya ofisi hizo na wala hapaswi kuijua. Ndiyo maana barua hii nimeiandika kwenu wote kwa pamoja.

Posho ya kuitwa kazini usiku ilipwe, na ilipwe kwa wakati. Sikuipata kwa miaka kadhaa na niliendelea kuamka, lakini si haki kulijenga taifa juu ya watu wanaoamka bure. Tangu mwaka wa fedha 2017/18 fedha za Mfuko wa Pamoja wa Afya zinaingia moja kwa moja kwenye akaunti ya kituo, na kamati ya usimamizi wa kituo, ambayo wanakijiji wamo, inakaa kuzipanga. Huo ni utaratibu mzuri sana, pengine ndio ulionipa heshima kubwa kuliko yote katika utumishi wangu, maana kwa mara ya kwanza tulinunua glovu bila kuomba. Ruhusuni kamati hizo, kwa maandishi yasiyo na utata, kutengeneza nyumba ya muuguzi pale bati linapotoboka au kitasa kinapokufa. Sasa hivi kila mtu anaogopa mkaguzi.

Mtaniambia fedha hazitoshi, na najua hazijawahi kutosha. Najua pia kwamba mwaka 2001 kule Abuja viongozi wa Afrika, sisi tukiwemo, waliahidi kufikisha asilimia 15 ya bajeti zao kwenye afya. Sitawasomea ahadi hiyo ukurasa kwa ukurasa. Nauliza tu, kwa fedha hizo hizo zilizopo, nyumba ya muuguzi iko mstari wa ngapi? Sisi wa vijijini tumechangia matibabu tangu utaratibu wa uchangiaji ulipoanza 1993, tumelipa kadi za CHF, ule mfuko wa afya ya jamii, na sasa iko Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote iliyopitishwa na Bunge 2023. Naiunga mkono sheria hiyo kwa dhati. Lakini mkulima wa mpunga wa bondeni mtamtaka atoe fedha yake kabla hajaugua. Atauliza swali moja kabla ya kutoa: usiku nikija, nitamkuta mtu? Jibu likiwa hapana, ataificha fedha yake kwa ajili ya bodaboda, nami sitamlaumu.

Wengine wamependekeza mama mjamzito ahamie karibu na kituo cha afya wiki za mwisho, akae kwenye wodi ya mama ngojea. Kwa mimba zenye hatari, kwa aliyewahi kupasuliwa, kwa mwenye pacha, ndiyo, na nimewapeleka wengi. Ila mama wa watoto wanne, wakati wa palizi, atawaacha na nani wiki tatu? Msipange huduma inayomtaka yeye ahame kwa sababu muuguzi amekosa pa kuhamia.

Zahanati yangu sasa ina binti mmoja, mkunga kijana, mwenye mikono mizuri. Yeye na mume wake, fundi pikipiki, wamehamia kwenye ile nyumba, na wamepanda mchicha pale nilipokuwa nimepanda mapapai. Mwenzake wa pili bado hajaletwa.

Nawakaribisha mje. Ningeomba msije kwa msafara wa asubuhi wenye ngoma na utepe. Teremkeni mlima jioni, mle wali na samaki kwangu, kisha saa nane usiku tutoke wote na tochi tuzunguke zahanati za jirani, moja baada ya nyingine, tubishe hodi. Ile ya kwetu tutaifikia mwisho. Mkifika pale msigonge mlango wa zahanati; zungukeni mwembe, gongeni dirisha la pili la nyumba. Gongeni taratibu, mtoto wake analala upande ule.

Wenu katika utumishi,

Muuguzi mkunga mstaafu,
Bonde la Ziwa Rukwa.